MAISHA YA SITI BINTI SAAD NA MAFUNZO YALIYOMO

Bismillahir-Rahmanir-Rahim.

Ama baada ya kumhimidi Mwenyezi Mungu na kumsalia Mtume wake, tumekusudia katika kijitabu hiki kueleza maisha ya mwanamke mmoja wa Unguja, Siti binti Saad, aliyefariki mwaka 1950. Huenda msomaji akastaajabu kumwona mwalimu wa chuo, tena mkaaji wa Moshi chini ya mlima Kilimanjaro, akishika kalamu kwa khabari za mwimbaji wa taarabu. Jawabu letu ni kwamba hatukuishika kwa ajili ya kuimba kwake. Tumeishika kwa ajili ya jina alilopewa siku aliyozaliwa na jina alilokufa nalo, kwani baina ya majina hayo mawili mna funzo tunalolihitaji sisi watu wa pwani, na zaidi sisi tuliotoka pwani tukapanda bara.

KUZALIWA KWAKE

Bibi huyu alizaliwa Fumba, kijiji cha upande wa kusini wa kisiwa cha Unguja, kadiri ya mwaka 1880. Zama hizo mtawala wa Unguja alikuwa Sayyid Barghash bin Said, aliyekaa katika kiti tangu mwaka 1870 hata 1888. Soko la watumwa la mjini lilikuwa limekwisha kufungwa mwaka 1873, walakini utumwa wenyewe ulikuwa ungali ukikubaliwa na sheria ya nchi, wala haukuondolewa katika sheria hiyo mpaka ilipotoka amri ya Sayyid Hamoud bin Muhammad mwaka 1897. Baba yake aliitwa Saad, asili yake Unyamwezi. Na mama yake asili yake Uzigua. Wote wawili walikuwa watu maskini, baba akilima na mama akifinyanga vyungu. Mtoto wao wakamwita Mtumwa.

Ewe msomaji mwema, lifikiri jina hilo. Mtoto mchanga hana dhambi, hana deni, wala hajatenda jema wala baya, naye akapewa jina la hali ambayo watu waliwatia wazee wake. Kila aitwapo kula, kila aitwapo kulala, hukumbushwa daraja aliyowekwa na watu. Jina kama hilo halikuwa la ajabu siku zile. Waliitwa hivyo wengi, na wengi wao walikufa nalo, hawakuandikwa wala hawakukumbukwa.

Wala asidhani mtu kuwa khabari hii ni ya Unguja peke yake. Misafara ya pwani ilikuwa ikipanda Uchagani tangu zamani, ikitoka Mombasa na Pangani. Mwaka 1848, alipofika Rebmann mpadri wa Kijerumani akauona mlima una theluji, mkuu wa msafara wake alikuwa Bwana Kheri, mtu wa pwani, ambaye njia za huku alikuwa akizijua kabla yake. Na katika zama za Mangi Rindi wa Moshi, aliyekufa mwaka 1891, wafanya biashara wa pwani walikuwa wageni wa kila siku katika ua wake, na Kiswahili kilisemwa mbele yake. Misafara hiyo ilishuka na pembe za ndovu, na pamoja na pembe ilishuka na watu. Watoto wa mlimani wakafika pwani kama walivyofika watoto wa Unyamwezi na wa Uzigua, wakakaa, wakazaa, na wajukuu wao leo huitwa watu wa pwani. Basi yeye aketiye barazani Moshi akihesabu nasaba za wenziwe, na afanye taratibu, asije akamtukana bibi yake mzaa baba.

UTOTO WAKE NA KUKOSA CHUO

Yasimuliwa kwamba Mtumwa hakupata kusoma shule, wala hakupelekwa chuoni kusoma Kurani alipokuwa mtoto. Tutazame hapa tofauti ya hali yake na ya mwanamke mwengine aliyekuja kuwa mashuhuri kwa kuimba katika nchi ya Misri, Umm Kulthum, aliyefariki mwaka 1975. Huyo wa Misri naye alizaliwa kijijini, katika nyumba ya umaskini. Walakini baba yake alikuwa imamu wa msikiti, akamwacha binti yake asome chuoni pamoja na wanaume, akamfundisha kasida, akamchukua katika maulidi avae nguo za kiume na kuimba mbele ya watu. Alipoingia Kairo alikuwa na matamko safi ya Kiarabu aliyoyapata katika kusoma Kurani, na hayo yakawa msingi wa sifa yake hata mwisho wa umri wake.

Mtumwa wa Fumba hakuwa na imamu nyumbani, wala mlango wa chuo haukumfungukia. Alichokuwa nacho ni sauti na masikio. Mama yake alipokuwa akifinyanga, yeye hujitwika vyungu kichwani akaenda akiviuza, kijiji kwa kijiji hata mjini, mwendo wa maili zaidi ya kumi kwa miguu. Huku akienda huimba. Wazee husimulia kwamba sauti yake ilikuwa ikitangulia, wanunuzi wakaisikia kwa mbali, wakajua muuza vyungu wa Fumba anakuja kabla hawajamwona. Kwa hivyo kuimba kwake kwa mwanzo hakukuwa mchezo wala anasa. Kulikuwa mnada wa bidhaa na dawa ya kupunguza uzito wa mzigo.

KUINGIA MJINI

Mwaka 1911 alihama Fumba akaingia mji wa Unguja kutafuta maisha. Mwaka huo ndio reli iliyotoka Tanga ilipofika Moshi huku kwetu, na mwaka huo ndio Sayyid Khalifa bin Harub aliposhika ufalme wa Unguja. Zama zilikuwa zikigeuka bara na pwani. Watu waliokuwa watumwa jana walikuwa wakihamia mjini makundi kwa makundi, wakijenga nyumba za udongo upande wa Ng'ambo, kuvuka ile hori iliyougawa mji wa mawe na mitaa ya wanyonge. Wanawake wao wakaacha kaniki, nguo nyeusi ya watumwa na watu wa shamba, wakavaa kanga za rangi, na wengine wakavaa buibui kama walivyovaa mabibi wakubwa. Katika mavazi hayo walikuwa wakidai jambo moja, yaani kuhesabiwa katika watu.

Taarabu wakati ule ilikuwa mambo ya majumba makubwa. Asili yake ilitoka Misri. Yapokewa kwamba Sayyid Barghash alileta wapigaji kutoka huko wamburudishe katika kasri, kisha akampeleka mtu wake, Muhammad bin Ibrahim, akajifunze kanuni Misri na kurejea kufundisha. Mwaka 1905 vijana wa mjini wakaunda chama chao, Nadi Ikhwani Safaa, wakaagiza udi, kanuni na fidla. Walikuwa wanaume watupu, na nyimbo zao zilikuwa za Kiarabu. Wengi katika waliosikiliza hawakuyajua maana yake, walakini kusikiliza tu kulikuwa dalili ya uungwana.

Katika hali hiyo akaingia muuza vyungu. Mtu mmoja katika wapigaji wa chama hicho alimsikia akiimba, akatambua kwamba Mungu amempa kitu asichompa kila mtu. Akamfundisha. Mwanafunzi hakujua kusoma, basi akajifunza kwa ulimi wa mwalimu na sikio lake, neno baada ya neno, hata akaweza kuimba Kiarabu mbele ya Waarabu wenyewe. Baadaye akajuana na wapigaji wengine: Subeti bin Ambari, Mbaruku, Budda bin Mwendo na Maalim Shaaban. Wakawa kikundi kimoja, yeye akiwa mwimbaji wao mkuu.

Jambo kubwa walilolifanya ni kuitoa taarabu katika Kiarabu wakaiimba kwa Kiswahili. Hawakukiacha Kiarabu kwa kutokiweza, maana waliendelea kukiimba, na Kihindi pia. Waliimba Kiswahili kwa sababu watu wa Ng'ambo walikuwa na masikio na akili kama watu wa mji wa mawe, nao walikuwa na haki ya kufahamu wanachokisikia. Usiku watu walikusanyika mitaani kuwasikiliza, na siku nyengine kikundi hicho hicho huitwa majumbani mwa wakwasi na kasrini mbele ya Sultani. Mwimbaji mmoja akasikilizwa na mchukuzi wa bandarini na mfalme.

JINA JIPYA NA HASADI

Hapo ndipo watu walipomwita Siti, neno la Kiarabu, maana yake bibi mwenye heshima. Hakujipa mwenyewe, lilitoka vinywani mwa wasikilizaji wake. Mtumwa akafunikwa, Siti akajulikana.

Walakini penye neema hapakosi hasidi. Waliinuka walioudhika kumwona mtoto wa Fumba akiketi walipoketi wao. Wakatunga wimbo wa kumkebehi, wakauliza huyu amekuwa mtu tangu lini, wakataja kaniki aliyoingia nayo mjini, wakasema lau si sauti hangekuwa na cha kula. Wakaisema na sura yake, kwani hakuwa mwanamke aliyesifiwa kwa uzuri.

Siti hakwenda kugombana majiani. Alijibu kwa wimbo. Maana ya jawabu lake, bila ya kuleta maneno yenyewe, ni kwamba uzuri wa uso si hoja, wala ukoo mkubwa si hoja, bali mtu hupata hasara anapokosa akili. Fikiri, ndugu yangu: waliomtukana walikuwa na wazee wenye majina na vyuo karibu na milango yao. Na asiyepata chuo ndiye aliyesema neno ambalo mwanachuoni yeyote angeliweka katika hotuba yake asione haya.

SAFARI YA BOMBAY

Mwaka 1928 kampuni ya santuri ya His Master's Voice ilimchukua Siti na wenziwe hata Bombay katika Bara Hindi, zikanaswa sauti zao katika sahani za santuri. Alikuwa miongoni mwa watu wa kwanza wa Afrika ya Mashariki ambao nyimbo zao za Kiswahili zilitiwa katika sahani zikauzwa. Kampuni haikutazamia faida kubwa kwa lugha hii. Walakini sahani zilipofika zilinunuliwa kwa shauku, na waliochunguza hesabu zile husema kwamba hadi mwaka 1931 zilikuwa zimeuzwa kadiri ya 72,000. Na kila sahani moja haikusikilizwa na mtu mmoja. Penye santuri moja mtaa mzima hukusanyika.

Santuri zilisafiri kwa majahazi na kwa magari ya moshi, pwani hata bara. Nchi hizi zilikuwa chini ya Waingereza. Kiswahili kiliitwa lugha ya watumishi na vibarua, na mwenye kutaka kujiona mkubwa alisema lugha nyengine. Lakini kilipotoka katika chombo kile kilichoimba pia Kiingereza na Kiarabu, kikatoka safi, chenye mizani na maana, watu waliona lugha yao imeketi katika kiti sawa na lugha za wakubwa. Kazi hiyo ilifanywa na mwanamke asiyejua kuandika jina lake.

NYIMBO ZAKE NA MAMBO YA HAKI

Nyimbo za Siti na kikundi chake hazikuwa za mapenzi tu. Zilikuwa gazeti la wasiosoma gazeti. Yaliyotendeka mjini, dhuluma za wenye mali, hukumu za mahakama zilizowaelemea wanyonge, yote yalitungiwa nyimbo, na watu wakayajadili.

Mashuhuri katika hizo ni wimbo wa Kijiti. Kisa chake ni kwamba mwanamke mmoja alifika Unguja mgeni kutoka Dar es Salaam. Akatokea mtu huyo Kijiti, akamdanganya akamtoa kwenda ngomani, kisha akamdhulumu na kumwua, akatoroka kuvuka bara. Mwuaji hakutiwa mkononi, na wanawake wawili waliofika mahakamani kushuhudia ndio walioangukiwa na hatia, kwa kuwa walikuwa wametoka pamoja na yule marehemu na kununua tembo. Mji ukanung'unika. Siti akayaimba waliyoyanung'unikia watu, hata jina la mdhalimu likawa laana katika midomo ya watoto. Hakimu alikwisha kuhukumu, lakini watu walibaki na hukumu yao, na hukumu hiyo ingali ikikumbukwa hata leo.

Sisi twasema kwamba kumtaja mdhalimu kwa udhalimu wake ni jambo wanavyuoni walilolijuzisha, wala si katika kusengenya kulikoharamishwa. Na masikitiko ni kwamba siku ile walionyamaza walikuwa wengi wenye vilemba, na aliyesema alikuwa mwimbaji.

KUFA KWAKE NA KUKUMBUKWA

Siti alifariki tarehe 8 Julai mwaka 1950, umri wake kadiri ya miaka 70. Kabla ya kufa kwake alizungumza na Sheikh Shaaban Robert wa Tanga, mshairi mkubwa wa lugha yetu, aliyefariki mwaka 1962, naye akaandika wasifu wake. Kwa kalamu hiyo maisha ya muuza vyungu yakaingia katika vitabu vinavyosomwa shuleni. Waliomfuata katika kuimba ni wengi, na mmoja wao ni Fatuma binti Baraka, aliyejulikana kwa jina la Bi Kidude, aliyefariki mwaka 2013. Na waandishi wa khabari wanawake wa Tanzania, walipounda chama chao mwaka 1987, jarida lao walilita Sauti ya Siti. Waliomuuliza amekuwa mtu tangu lini, majina yao leo hayajulikani ila kwa kuwa walimtukana yeye.

MAFUNZO

La kwanza, ni juu ya ala na nyimbo. Msomaji asije akasema kwamba mwalimu wa chuo amehalalisha udi. Vitabu vya madhehebu yetu ya Imamu Shafi vinajulikana. Mashuhuri ndani yake ni kukatazwa ala za nyuzi, na dufu ikaruhusiwa katika harusi na mfano wake, na Imamu Ghazali ameweka kitabu kizima katika Ihya juu ya kusikiliza na adabu zake. Anayetaka hukumu na aende huko kwa mwalimu wake. Lakini kuikataa ala si rukhusa ya kumdhulumu mpigaji, wala kutopenda kazi ya mtu hakukupi haki ya kuitukana nasaba yake. Hayo ni mambo mawili, na mwenye kuyachanganya amefanya dini kuwa vazi la kiburi chake.

La pili, ni juu ya nasaba. Wako wenzetu wanaoshika mas'ala ya kufu katika ndoa wakayafanya mizani ya kila jambo. Kufu iliyotajwa na mafakihi wetu ni haki ya mwanamke na walii wake katika kuoza, nao wana rukhusa ya kuisamehe wakiridhia. Haikuwekwa iwe kipimo cha nani aketi safu ya mbele msikitini, wala nani mtoto wake afundishwe na nani arudishwe. Mola wetu ametufundisha kwamba mbora wetu ni mcha Mungu wetu. Na Bilali alikuwa nani kabla ya kupanda juu ya Al-Kaaba kuadhini siku ya kufunguliwa Makka?

La tatu, ndilo lililotusukuma kuandika. Hapa Moshi na katika vijiji vya mlimani wako watoto wa Kichaga, wa Kipare, na wa makabila mengine waliosilimu wazee wao au waliosilimu wenyewe. Wanakuja vyuoni wakiwa na hamu. Na tumewasikia kwa masikio yetu watu wazima, wenye kanzu na bakora, wakiwaita washenzi, wakiwacheka matamko yao, wakisema hawa hawataweza herufi za kooni. Siti binti Saad hakupelekwa chuoni, kisha kwa kufundishwa na mtu mmoja tu aliyemsikiliza akaimba Kiarabu mbele ya watoto wa Kiarabu. Basi ni nani aliyewaambia hao kwamba kooni pa mtoto wa Marangu au wa Machame pameumbwa kwa udongo mwengine?

La nne, ni juu ya mabinti. Misri baba mmoja imamu alimpeleka binti yake chuoni, na matunda yake tumekwisha kuyataja. Fumba binti mmoja aliachwa, na lau si bahati ya kukutana na mtu mwenye sikio, angelikufa na vyungu vyake. Ni wangapi walioachwa wasikutane na mtu? Yule mmoja twamjua. Wengine hatutawajua mpaka siku ya kufufuliwa, watakaposimama na kuuliza kwa nini hawakufundishwa japo Fatiha yao sawasawa. Siku hiyo mwenye binti hataulizwa binti yake alikuwa wa ukoo gani. Ataulizwa alimfundisha nini.

Basi ewe ndugu, ukiwa na mtoto wa kike nyumbani, wako au wa jirani, au mtumishi wako aliyeshuka kutoka mlimani, na umpeleke chuoni kesho asubuhi, wala usingoje mfungo sita. Na akifika mbele ya mwalimu, mwalimu asimwulize kwanza baba yake ni nani. Na amwulize jina lake, na likiwa jina la kudhalilisha, ambadilishie lililo zuri, kwani hiyo ni sunna, kisha amfungulie msahafu.

Mwenyezi Mungu amrehemu Siti binti Saad, amsamehe aliyoyakosa, amlipe kwa aliyowasemea wanyonge, na atutoe sisi katika kiburi cha nasaba kabla haijatufikia siku ambayo nasaba haifai kitu. Amin.